Jiwe la Pole la Kokotoni

Hapo zamani za juzi, katika nchi ambayo siitaji jina kwa kuwa ina masikio marefu, palikuwa na serikali nzuri sana. Najua ilikuwa nzuri kwa sababu kifungu cha kwanza cha katiba kilisema hivyo, na kifungu cha pili kilisema kwamba asiyekubaliana na cha kwanza atasaidiwa kukubali. Mimi nilikuwa nakodisha viti na vipaza sauti kwa ajili ya shughuli za serikali. Kwa kuwa serikali ile haikuwa na kazi nyingine ila shughuli, sikuwahi kukaa bure. Kila hotuba ilipita kwenye spika zangu kabla haijawafikia wananchi, kwa hiyo haya ninayosimulia nina uhakika nayo, na sina kinyongo na mtu.

Rais wetu aliitwa Mtukufu. Jina alilopewa na mama yake lilifutwa bungeni kwa kauli moja, maana lilionekana fupi. Ilikuwa marufuku kumwambia "wewe". Hata ukisimama mbele yake ukasikia anavyopumua, ulipaswa kumsema kana kwamba amesafiri. "Mtukufu angependa chai yake?" anauliza mpishi. "Angependa," anajibu Mtukufu. Alizoea hivyo hadi siku moja alipojikwaa kwenye zulia, nilimsikia mwenyewe akisema, "Mtukufu nusura aanguke."

Palikuwa pia na Sheria ya Kutosahihisha. Kiongozi akikosea, kosa ndilo linakuwa sahihi mpaka yeye mwenyewe alibadilishe. Waziri mmoja aliwahi kuteleza ulimi akasema Februari ina siku thelathini, na tangu hapo tukawa tunaingoja Machi kwa subira.

*

Sasa twende Kokotoni. Ni kando ya barabara kuu, chini ya mlima wa mawe, ambako wanawake hupasua mawe kwa nyundo wapate kokoto za kujengea maghorofa ambayo hawatayapanda. Mmoja wao alikuwa Bi. Siwema, mjane mwenye mikono migumu na ulimi mgumu zaidi. Alikuwa na binti mmoja tu, Kidawa, fundi cherehani, msichana mcheshi aliyekwisha kukataa wachumba wawili kwa sababu suruali zao zilishonwa vibaya. Kidawa alizaliwa na ugonjwa wa siko seli. Siku damu inapomkwama mifupani hujilaza mkekani kwa ubavu wa kushoto, magoti kifuani, ngumi mdomoni ili asiwasumbue majirani. Husemwa uchungu wa mwana aujuaye mzazi. Bi. Siwema alikuwa anaujua kwa kuutazama tu, na kuutazama kulimchosha kuliko nyundo.

Siku moja alipasua jiwe, kikatoka ndani yake kipande cha fuwele, kikubwa kama yai la bata. Kilikuwa cheupe, kinapitisha macho, na katikati mwanga wa buluu ulipanda na kushuka kama pumzi ya mtu aliyelala. Alikuwa bado amekishika, anakionyesha kwa jirani yake Mama Zawena, huyo naye akikishika kwa mkono mmoja huku mwingine ukiendelea na kazi. Nyundo ya Mama Zawena ikamtua mwenyewe kwenye kidole cha mguu.

"Pole, mwenzangu," akasema Bi. Siwema, kama ambavyo mtu yeyote wa nchi ile angesema. Kwetu mtu akijikwaa, neno hilo humtoka mwenzake kabla hajatazama ni nani aliyejikwaa.

Fuwele ikawaka. Kidole cha mguu cha Bi. Siwema kikaanza kupwita, na cha Mama Zawena kikatulia kiasi.

"Siwema, umefanya nini?"

"Nimekupa pole."

"Basi nimeshapoa," akasema Mama Zawena, akikitazama kidole kwa mashaka. "Nusu."

Wakajaribu tena na tena mpaka wakalielewa. Ukishika fuwele pamoja na mgonjwa ukasema pole kwa moyo, nusu ya maumivu yake inahamia kwako. Wakishikana mikono watu wengi, mmoja ameshika jiwe, kila anayesema anachukua sehemu yake. Maumivu hayapotei, yanagawanyika. Ukisema kwa mdomo tu, jiwe linanyamaza.

Kuanzia siku hiyo, Kidawa akizidiwa, wanawake wa Kokotoni walizunguka mkeka wake asubuhi kabla ya kushika nyundo, wakasema pole mmoja baada ya mwingine. Alipomaliza wa mwisho, kilichobaki kwa Kidawa kilikuwa kama kuumwa na mbu. Wenyewe wakaenda kazini wakichechemea kidogo wote, na ukipita na gari ungedhani kijiji kizima kimevaa viatu vya kubana. "Nimeshapoa," aliwajibu Kidawa, na kwa mara ya kwanza maishani mwake hakuwa anasema kwa adabu tu.

Lipo jambo moja zaidi la kulijua kuhusu jiwe lile. Lilijua Kiswahili. Mume wa Mama Zawena, Masumbuko, alikuwa mlevi, akaanguka machimboni akavunja ubavu. Wanawake wakagawana maumivu yake kwa moyo safi. Alipopata nafuu, kitu cha kwanza alichofanya kwa nguvu zake mpya ni kumzaba mkewe kofi. Mama Zawena, fuwele ikiwa mkononi, akamshika mumewe kifundo cha mkono, akamwambia taratibu, "Haya. Pole yako."

Wewe na mimi tunajua tofauti. Ukimwambia mtu pole, unamsaidia kubeba. Ukimwambia pole yako, mzigo ni wake, afe nao. Jiwe nalo lilijua. Maumivu ya kofi yakahama shavu la mke yakaenda kwenye shavu la mume, na yale ya ubavu waliyokuwa wamegawana wanawake yakamrudia yote, kama mbuzi wanavyorudi zizini. Masumbuko aliacha pombe bila kuombewa. Wanawake wakakubaliana kwamba neno lile si la kuchezea, wakarudi kwenye kokoto zao.

*

Habari ikafika mjini. Mgeni njoo, mwenyeji apone, walisema wahenga, ila wahenga hawakuwahi kutembelewa na wizara. Msafara ukaja na ving'ora. Waziri wa Faraja na Madini, Mheshimiwa Bagoka, aliingia nyumbani kwa Bi. Siwema bila hodi, maana mtu hapigi hodi kwenye nyumba yake, na serikali ilihesabu nyumba zote kuwa zake. Mimi nilikuwa nyuma yake na spika begani.

"Nimekuja kusikiliza," akasema Mheshimiwa, kisha akahutubia. "Ndugu wananchi wa Kokotoni. Kwa muda mrefu maumivu katika nchi hii yameendeshwa kiholela. Kila mtu anaumwa anavyotaka, saa anayotaka, na majirani wanampa pole bila leseni, bila mafunzo, bila mpango mkakati. Serikali yenu sikivu imesema sasa basi. Fuwele hii si ya mtu mmoja. Ni ya wananchi wote, na ndiyo sababu tumekuja kuiondoa kwa wananchi."

Watu wakapiga makofi, kwa kuwa askari walikuwa wanawaangalia mikono.

"Na mwanangu?" akauliza Bi. Siwema.

"Mwanao ni mwana wa taifa, mama. Atahudumiwa kwenye Kituo cha Taifa cha Pole, kitakapokamilika."

"Leo je?"

"Leo tuko kwenye upembuzi yakinifu."

"Mheshimiwa," ikasema sauti kutoka chini. Ilikuwa ya Kidawa. "Upembuzi wako umekanyaga mkeka wangu."

Waziri akatazama chini kama mtu aliyeambiwa kuna matope. Hakusogea. Bi. Siwema alikuwa ameikumbatia fuwele, na askari akamfungua vidole kimoja kimoja, kwa upole, nakiri, maana kamera zilikuwepo. Kisha akapewa fidia: fulana yenye picha ya Mtukufu, ya saizi ya mtoto. Kidawa aliifumua akashona vishikio vya sufuria.

*

Kituo cha Taifa cha Pole kilijengwa kwa kokoto za Kokotoni. Siku ya uzinduzi niliweka spika nane, na Mheshimiwa Bagoka akawapa pole wahanga wa mafuriko, mkono wake ukiwa juu ya fuwele na mikono yao juu ya mkono wake. Aliwapa pole kwa niaba ya Mtukufu, kwa niaba ya serikali, kwa niaba ya kamati ya maandalizi na kwa niaba yake binafsi. Jiwe likakaa baridi kama chura. Wataalamu walioitwa kuchunguza waliandika kwamba wahanga hawakutoa ushirikiano.

Lililoliamsha ni mfagizi. Alikuwa anaifuta fuwele vumbi pale Waziri alipoingia akaiegemea, akikunja uso kwa jongo, ule ugonjwa unaowapenda watu wanaokula nyama kwenye vikao. "Aa, pole mheshimiwa," akasema yule mama, na alimaanisha, maskini, alikuwa amelelewa hivyo. Jiwe likawaka. Waziri akatembea kwa madaha hadi kwenye gari lake, na mfagizi akabaki akiburuta mguu na ufagio.

Siku hiyohiyo ikaundwa kada mpya serikalini, Afisa Pole. Waliajiriwa watu maskini, kwa sharti kwamba mwombaji awe na huruma iliyothibitishwa na mwenyekiti wa mtaa. Wakubwa wakaleta vichwa vyao vya asubuhi baada ya karamu, wakaleta migongo iliyochoka kwa kuketi, na wale wachache waliokuwa bado na dhamiri, zilipowauma, nazo wakazileta. Kila afisa alichukua nusu, na wa pili akachukua nusu ya nusu, mpaka mkubwa akatoka hana hata mwasho. Maafisa walirudi makwao wakiwa na magonjwa ambayo mishahara yao isingeweza kuyanunua.

Mtu asiyeumwa husahau kwamba kuna kuumwa. Baada ya muda Mheshimiwa Bagoka alitangaza bungeni kwamba maumivu nchini yamekwisha kabisa, kwani amewauliza mawaziri wenzake wote. Bunge likashangilia, na kwa kuwa maumivu yalikuwa yamekwisha, dawa za kutuliza maumivu hazikuagizwa tena. Madaktari wa meno walihamishiwa Utalii. Kidawa, aliyekuwa amebaki na vidonge vyake tu, akabaki na ngumi yake mdomoni.

*

Bi. Siwema akaja mjini. Nilimwona kwa kuwa nilikuwa napanga viti vya kusubiria, na viti hivyo ndivyo vilivyofanya kazi kuliko kitu kingine chochote pale kituoni. Kwenye kaunta alikaa dada mmoja mwenye sauti tamu.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Nimekuja kuazima jiwe langu. Nikimaliza nitalirudisha, msiogope, mimi si serikali."

"Mgonjwa ni nani, mama?"

"Mwanangu, Kidawa."

"Cheo chake?"

"Fundi cherehani."

"Hapana mama, namaanisha cheo. Anaumwa kwa niaba ya taasisi gani?"

"Anaumwa kwa niaba ya mifupa yake."

"Mifupa haimo kwenye mfumo, mama. Pole."

Hakuwa amegusa jiwe, na hata angeligusa lisingewaka. Lakini akaongeza, kwa kunong'ona, kwamba kuna nafasi za kazi, na kwamba familia ya Afisa Pole huruhusiwa kulitumia jiwe baada ya muda wa majaribio kwisha. Bi. Siwema akauliza majaribio ni ya muda gani. Akaambiwa inategemea moyo wake.

Basi akavaa sare ya kijani, akaingia chumbani kwa Mheshimiwa Bagoka. Jongo lilikuwa limerudi. Mheshimiwa akanyoosha mguu juu ya kistuli, akaweka mkono kwenye fuwele, hakumtambua.

"Pole," akasema Bi. Siwema.

Jiwe baridi.

"Kwa hisia, mama," akasema Mheshimiwa.

Bi. Siwema akafumba macho. Akamfikiria Kidawa, akafikiria muda wa majaribio, akajilazimisha kuuonea huruma ule mguu. Ulikuwa ndio mguu uliokanyaga mkeka. "Pole," akasema tena, na jiwe likabaki lilivyo. Neno lile jingine, la Mama Zawena, likamjia hadi kwenye meno. Alilimeza kwa ajili ya mwanawe, na nadhani hakuna kidonge alichowahi kumeza kilichokuwa kichungu kama hicho. Akafukuzwa kazi siku hiyo kwa kosa la chuki wakati wa saa za kazi. Sheria zetu zilikuwa za haki, kwani baada ya saa za kazi ulikuwa huru kuchukia.

*

Huruma ni kama kisima. Ukichota tu, mwisho unatoa tope. Maafisa Pole walikuwa wamechotwa mpaka chini, na asubuhi moja Mtukufu alipoamka na gego linamuuma, wakaitwa, wakapanga foleni, wakasema pole mmoja mmoja, na jiwe halikuwaka hata kwa mmoja wao.

"Mtukufu anaumwa," akasema Mtukufu, kwa mshangao, kama anayesoma habari za nchi ya mbali.

Alitafutwa daktari wa meno mmoja aliyekuwa anaongoza watalii, lakini hakuweza kufanya kazi. Ili amtibu ilibidi amwambie "fungua mdomo", na Mtukufu haamrishwi. Wataalamu wakakutana. Wakasema huruma ya mtu mmoja mmoja imepungua nchini, sababu haijulikani, ila haba na haba hujaza kibaba: wananchi wote wakikusanywa, kila mmoja akatoa tone, gego litapona. Ikatangazwa Siku ya Taifa ya Pole, uwanja mkuu wa mpira, kuhudhuria ni lazima, wagonjwa wasikose, hasa wagonjwa, kwa kuwa wana uzoefu.

Nikiwa nafunga nyaya jukwaani nilimsikia Mkuu wa Itifaki, Bwana Lutenga, akijadiliana na Mheshimiwa Bagoka. Bwana Lutenga alikuwa mtu aliyepiga pasi hata soksi. Alizaliwa ofisini, alikulia ofisini, na sidhani kama kuna mtu aliwahi kumwonea huruma akamwambia neno.

"Waseme 'pole' tupu? Mheshimiwa, hilo ni neno la watu walioanguka na baiskeli. Liko uchi. Pole ya nani? Halina mwenyewe."

"Basi waseme 'pole yako'."

"Yako?" Bwana Lutenga akafumba macho kama aliyesikia tusi kwenye ibada. "Yako ni ya mtu unayemwona. Mtukufu hasemeshwi hivyo. Ni yake. Pole yake."

Mheshimiwa akalionja lile neno. "Pole yake. Lina uzito."

"Lina umiliki, Mheshimiwa."

"Na Mtukufu atajibu 'amekwishapoa'."

"Kwenye kipaza sauti, kwa sauti ya kibaba."

Nilikuwa nimeshika koleo. Nilifungua mdomo niseme, nikaikumbuka Sheria ya Kutosahihisha, nikaufunga. Mimi mpanga viti nimfundishe Kiswahili Mkuu wa Itifaki? Asiyesikia la mkuu huvunjika guu, nami miguu yangu nilikuwa naipenda.

*

Uwanja ulijaa hadi kwenye ngazi. Mtukufu aliketi jukwaani kwenye kiti cha kuzunguka, shavu limevimba, fuwele mapajani. Wataalamu walikuwa wamegundua kwamba jiwe hupitisha hata kwenye kitambaa, kwa hiyo utepe mrefu wa rangi za bendera ulifungwa kwenye fuwele ukazungushwa uwanja mzima, na kila mwananchi akaamriwa aushike. Kidawa aliletwa kwa guta, lile la kubebea kokoto, akisukumwa na wanawake wa Kokotoni. Alikuwa amezidiwa tangu jana yake. Alilala ubavu wa kushoto, magoti kifuani, ngumi mdomoni, na mama yake akamfunga ncha ya utepe kwenye kifundo cha mkono kwa kuwa vidole havikuweza kushika. Askari walikuwa wanakagua.

Bwana Lutenga akasimama mbele ya kipaza sauti changu, akatangaza neno lililoidhinishwa.

Nimeshuhudia vimya vingi katika kazi yangu, vya heshima na vya woga. Kile sikuwahi kukisikia. Maelfu ya watu walitazamana, kisha wakatazama viatu vyao. Bibi mmoja akaziba mdomo kwa kanga akakohoa mpaka machozi. Mama Zawena akainama sikioni kwa mwenzake.

"Siwema, umesikia wanachotaka tuseme?"

"Nimesikia."

"Tuwaambie?"

"Sheria inakataza," akasema Bi. Siwema, na sijawahi kumwona mtu akiiheshimu sheria kiasi kile.

Bwana Lutenga akainua mkono, akaushusha, na kwa mara ya kwanza katika historia ya nchi ile wananchi wakatamka kauli ya serikali kwa moyo wao wote.

"Pole yake."

Mwanga wa buluu ulitoka kwenye fuwele ukafumba macho ya watu. Utepe ukatetemeka uwanja mzima. Mfagizi aliyekuwa na jongo la Waziri akanyoosha mguu. Wazee wakanyoosha migongo. Watu waligusa matumbo, magoti, vidonda, wakawa hawana la kugusa. Ndani ya guta Kidawa akatoa ngumi mdomoni, akaketi.

"Mama," akasema. "Nimeshapoa."

Bi. Siwema alimshika uso kwa mikono yake miwili migumu, akalia hadharani bila kibali.

Jukwaani, Mtukufu aliinuka ili aseme neno lake la kibaba. Alifungua mdomo, na spika zangu zikatoa sauti ambayo nchi haikuwa imeisikia tangu aapishwe.

"Mimi," akasema Mtukufu. "Ninaumwa mimi."

Akaanguka kwenye zulia. Akajilaza ubavu wa kushoto, akakunja magoti hadi kifuani, akaingiza ngumi mdomoni.

Kidawa alikuwa amesimama ndani ya guta, anatazama. "Mama, yale ni yangu," akasema polepole. "Yale nayajua."

Mheshimiwa Bagoka aliona jambo moja tu, kwamba dozi haijatosha. Akanyakua kipaza sauti. "Ndugu wananchi, baba yetu anateseka. Sote kwa sauti, tena." Wananchi, watu watiifu, wakarudia. Mimi nikaongeza sauti ya spika, maana kazi yangu ni kuhakikisha shughuli inasikika. "Tena," akalia Waziri. Wakarudia tena.

Bi. Siwema alikuwa anapanda ngazi za jukwaa. Askari hawakumzuia, hawakuwa wamepewa amri, na mwenye kutoa amri alikuwa anatafuna ngumi. Akasimama juu ya zulia. Mtukufu akanyoosha mkono akashika pindo la kanga yake.

"Mama," akasema, "nipe pole. Tafadhali wewe, nipe pole."

Nilikuwa karibu, niliuona mdomo wa Bi. Siwema ukianza kufunguka. Alikuwa mtu wa nchi ile naye, na neno lilikuwa linamtoka lenyewe. Akaling'ata. Akamwangalia Mtukufu kwa utulivu, akamuuliza kwa sauti tamu kabisa, ile ya kaunta:

"Unaumwa kwa niaba ya taasisi gani?"

Mtukufu akageuza macho kumtafuta Waziri amjibie, kwa kuwa maswali yote alikuwa akijibiwa. Waziri alikuwa kwenye kipaza sauti, anawahimiza wananchi kwa mara ya nne. Bi. Siwema akasubiri jibu, kama yeye alivyosubirishwa. Lilipokosekana akafungua fundo la utepe, akaichukua fuwele, akaifunga kwenye pindo la kanga, akashuka. Getini Kidawa alimlazimisha mama yake apande guta, akalisukuma mwenyewe mpaka barabarani.

*

Jiwe liko Kokotoni hadi leo. Kidawa bado anaugua, kwa kuwa damu ni ileile, na akiugua wanawake wanazunguka mkeka wanagawana, bila leseni wala mpango mkakati. Ukitaka kufika, bisha hodi, na usije na msafara.

Mtukufu naye yu hai, wala msidhani ametupwa. Kila anayepita kwenye geti lake husikia anavyougulia, na kwa kuwa sisi ni watu wa sheria, humwambia neno lililoidhinishwa. Haliwezi kubadilishwa mpaka alibadilishe mwenyewe aliyelitoa, na Bwana Lutenga bado anaona lina uzito.

Mwisho wa hadithi ni hapo. Aliyecheka amecheka. Na kama yuko mheshimiwa aliyeisoma ikamuuma, mimi sina kinyongo na mtu: pole yake.